Ukurasa wa Nne

Chuoni, 9 Februari

Mdogo wangu Kitasa,

Salamu zangu zikukute mzima, na za Mama zikukute kabla ya zangu, maana ameniagiza niziweke mbele. Hajambo. Mguu wa kushoto umerudia kuvimba, lakini ukimwuliza atakwambia ni kosa la viatu. Kitasa cha mlango wa jikoni kimekufa kabisa. Nilimletea fundi, akamfukuza hata hajashusha mfuko wake wa vifaa. Anasema nyumba iliyozaa fundi wa vitasa haiwezi kuingiliwa na fundi wa kukodi. Basi mlango tunaufunga kwa kamba ya kuanikia nguo, na nguo tunaanika ukutani.

Mimi nipo. Wamenihamishia ofisi ya chini. Dirisha linatazama maegesho ya magari, kwa hiyo siku hizi najua nani huchelewa kipindi na nani hukaa ndani ya gari akilia kidogo kabla ya kwenda kufundisha. Majina nayahifadhi.

Sasa jambo lenyewe. Kamati ya bunge imeniita mwezi wa saba nitoe maoni juu ya mswada wa kuwaachilia wafungwa mapema. Aliyemaliza nusu ya kifungo chake kwa tabia njema ataweza kurudi nyumbani chini ya uangalizi. Wananiita kwa sababu ya yale niliyoandika miaka yote hii kuhusu serikali na uhalifu, na wewe unayajua kuliko wao, kwani hakuna makala niliyoitoa kabla hujanisomea. Wenzangu huwapa wasomi wenzao. Mimi nilikuja karakana kwako, ukafuta mikono kwa tambara, ukasoma kwa sauti, na pale ulipojikwaa nikakata. Ulijikwaa kwingi. Kitabu cha kwanza kingekuwa kinene mara mbili.

Nimeweka rasimu humu. Msimamo wangu ni ule ule: serikali haina uwezo wa kumfanya mtu awe mwema. Inachoweza ni kumhakikishia kitakachompata akifanya ubaya, na kimpate yeye kama kitakavyompata mwingine. Ukifungua mlango wa huruma, wa kwanza kupita ni wenye ndugu wakubwa. Nisomee kama kawaida, uweke mstari pale utakapokwama.

Najua ni kitu cha ajabu kukuomba hivyo mahali ulipo. Sina msomaji mwingine.

Dada yako


Gerezani, 6 Machi

Dada yangu,

Shikamoo. Mwambie Mama shikamoo yake nimeitoa nikiwa nimesimama. Mimi mzima wa afya, nakula, nalala, na nimenenepa mashavu peke yake, sijui chakula kinapita wapi. Mwambie aache kuchovya ule mguu kwenye maji ya moto. Na kuhusu kitasa, asilazimishwe. Mama akishasema hapana, hata bunge lako halina la kufanya.

Rasimu imefika imechelewa. Afisa wa barua huisoma kwanza, na yeye husoma huku kidole kikitembea juu ya mstari. Niliwasomea wenzangu wa selo jioni, maana humu huwezi kusoma kwa sauti ukasema unajisomea. Kuna mzee mmoja tunamwita Jongoo, kwa mwendo wake, amekaa humu mpaka kuta zinamjua. Alisikiliza yote akiwa amefumba macho. Mwishoni akauliza mwandishi ni nani, nikamwambia ni dada yangu tumbo moja. Akasema, "Basi kwenu hakuna upendeleo." Selo nzima ikacheka, na mimi nikacheka.

Nimeweka mistari mitatu. Ukurasa wa pili sentensi ni ndefu, nilikata pumzi. Ukurasa wa tano umetumia neno "aidha" mara nyingi mno. Na mwisho pale, "mhanga" sema tu "mlinzi", kama ni yule mlinzi wa ghala unayemfikiria. Jicho lake halikupotea kwenye kitabu.

Usidhani nasema kwa uchungu. Nilifungua lile ghala nikijua wale jamaa walioniita si wenye mali, nikasema hivyo mbele ya hakimu, na hakimu akatupa kifungo kimoja, aliyempiga mlinzi na aliyefungua mlango. Ni sheria uliyoishauri wewe. Nakumbuka ile makala. Nilikusomea mwenyewe pale karakana, na sikujikwaa hata mahali pamoja.

Mama alikuja mwezi uliopita, bila shaka alikusimulia. Wewe kazi ni nyingi, najua.

Nduguyo,
Kitasa


Chuoni, 4 Aprili

Mdogo wangu,

Marahaba. Mama anakusalimu, na maji ya moto hajaacha. Mistari yako yote mitatu nimeifuata. "Aidha" imebaki moja, nimeihurumia.

Lakini hukuniambia neno juu ya rasimu yenyewe. Umenisahihisha pumzi na msamiati kama mwalimu wa darasa la pili. Zamani ulikuwa unasema, "Hapa dada umepatia," au, "Hapa unawaringia watu." Nimetafuta maneno hayo pembeni mwa karatasi, mbele na nyuma, sikuyaona.

Kazi kweli ni nyingi. Kuna mitihani ya kusahihisha, kuna vikao, na safari ya kuja huko inakula siku nzima kwa basi. Nikipata nafasi.

Jumapili Mama alikuwa anabadilisha shuka za kitanda chako. Hubadilisha kila wiki, na kitanda hakuna anayekilalia. Redioni wakataja mswada na jina la chuo chetu. Akaniuliza kama yule mtaalamu atakayekwenda bungeni ni mimi. Nikasema ni mimi. Akauliza nitasema nini, nikaanza kumweleza: kwamba adhabu inayobadilika humpa mtu tamaa ya kubahatisha, kwamba maofisa wataanza kupokea wageni wenye bahasha. Akanisikiliza mpaka mwisho, mto ameukumbatia, kisha akasema, "Umeandika vitabu vyote hivi, mwanangu, na hakuna hata kimoja cha kunirudishia mtoto?"

Nilitoka nikaenda kusimama uani. Nilikuwa na jibu, na bado ninalo, ila sikuweza kulitoa mbele yake.

Dada yako


Gerezani, 12 Mei

Dada,

Shikamoo, na umpe Mama mkono wangu. Nimehamishiwa karakana ya useremala, tunatengeneza madawati ya shule. Chuma nilikijua kwa kukigusa tu. Mbao bado hatujazoeana, kila siku zinaniacha na kibanzi kidoleni.

Barua yako niliisoma nikaiweka, nikaisoma tena, ndiyo maana nimechelewa. Ninayoyakumbuka ya kwetu ni ya kipuuzi, utacheka. Nakumbuka ulivyokuwa ukija karakana umevaa viatu vya ofisini, unatafuta pa kukaa pasipo na grisi, hupati, unakaa hivyo hivyo. Nakumbuka unavyokunja uso nikisoma, midomo yako ikifuata maneno kama mtu anayesali. Humu mtu huota mambo makubwa, magari na karamu. Mimi naota nimechoka, jioni, nafunga karakana, na wewe unanisubiri nje ukilalamika. Naamka nimekukosa, dada, hata kula siwezi mpaka saa nne.

Mswada umefika humu kwa redio ya mlangoni. Jongoo ameanza kunyoa ndevu kila asubuhi. Hakuna aliyemwuliza kwa nini. Waliotimiza nusu ya kifungo wanajulikana siku hizi kwa wanavyotembea, hata wale wagomvi wamekuwa wakipishana mlangoni, "Tangulia wewe," "Hapana, wewe."

Nusu yangu mimi inatimia mwezi wa kumi. Nakutajia tu kwa kuwa wewe ni ndugu yangu. Hili si ombi, na afisa wa barua ni shahidi.

Kitasa


Chuoni, 11 Juni

Kitasa wangu,

Mama mzima. Mguu umepungua. Nimemwambia ni dawa, yeye anasema ni maji.

Nimeandika upya. Usiniulize mengi. Nilikaa ofisini wiki mbili mlango nimeufunga, wanafunzi wakigonga wanarudi. Rasimu hii ya pili inaunga mkono mswada. Hoja zipo, mdogo wangu, sikuzitunga. Magereza yamejaa kupita kiasi, mtu anayekaa sana humo hutoka akiwa hajui pa kwenda, na familia zinavunjika nje huku mwenyewe akivunjika ndani. Ukurasa wa nne nimeeleza namna maofisa wenye ujuzi wanavyoweza kumtambua mfungwa aliyebadilika kweli. Huo ndio moyo wa makala. Huo ukisimama, yote yanasimama.

Nisomee haraka. Kikao ni tarehe ishirini na moja Julai, na hujawahi kuniacha nikatoka na karatasi usiyoisoma.

Mwezi wa kumi Mama anataka kupaka rangi chumba chako. Nimemwambia asubiri, lakini sikumwambia kwa nguvu.

Dada yako


Gerezani, 19 Juni

Dada yangu mpenzi,

Shikamoo. Nakujibu siku ile ile niliyoipata barua yako. Shikamoo kwa Mama pia, na rangi asinunue.

Nilisoma kwa sauti kama ulivyotaka. Selo ilikuwa kimya hata vikohozi vilisubiri. Ukurasa wa kwanza ulikwenda vizuri, wa pili na wa tatu pia, watu wakaanza kugusana mabega. Ukurasa wa nne nilikwama. Nikaurudia kutoka juu, nikakwama tena. Jongoo akadhani ni macho, akasogeza taa.

Maneno si magumu, dada. Nimekuwekea mstari mmoja tu, ukurasa mzima, kutoka juu mpaka chini, kwa sababu sikukusikia wewe. Miaka yote umeandika kwamba hakuna ofisa duniani awezaye kumpima mtu moyo, na nilikuamini kwa kuwa ni kweli. Humu tabia njema inajifunzwa kama kupiga pasi. Mimi mwenyewe wamenisifu mara mbili. Lakini ukiniuliza kama nimebadilika sijui, sijaonyeshwa ghala tena nikaambiwa fungua. Nadhani nimebadilika. Naomba iwe hivyo. Kujua sijui, na huyo ofisa hatajua kunizidi.

Nataka kutoka. Nilifanya mzaha barua ile, leo sifanyi. Nataka kutoka mpaka meno yananiuma. Wangeniambia nitambae mpaka nyumbani ningetambaa, na sheria hii ikipita nitakimbia kama wenzangu bila aibu. Lakini wapo wengine watakaoisemea wakiwa wanaiamini. Wewe umeandika ukurasa huu kwa ajili yangu, na yule mlinzi naye ana redio. Siku akijua aliyekuwa akisema ni dada wa fundi wa vitasa, ataamini nini tena kinachosemwa bungeni? Na mimi nitamsikiliza nani? Ulipokuwa ukinena nilijua kuna mtu mmoja asiyenidanganya, hata akinifunga.

Usiusome, dada. Nakusihi kama mdogo wako.

Kitasa


Chuoni, 10 Julai

Mdogo wangu,

Mama anakusalimu. Sijapata jibu lako. Nimeuliza posta, nimeuliza mpaka yule mama wa mapokezi chuoni, ambaye sasa akiniona hutikisa kichwa kabla sijafungua mdomo. Pengine umechukia nilivyochelewa kubadilika, au unaumwa na hutaki Mama ajue.

Nimejaribu kujisomea mwenyewe kwa sauti mbele ya kabati. Haifai. Sauti yangu inajua kinachokuja mbele, kwa hiyo inaruka mashimo. Niandikie hata mstari mmoja.

Dada yako


Chuoni, 3 Agosti

Kitasa,

Salamu za Mama ni zile zile. Nitaeleza yote kwa mpangilio, nivumilie.

Nilikwenda bungeni bila jibu lako. Chumba cha kamati ni kidogo kuliko unavyodhani, meza ya mbao nzito, chupa za maji, na kiyoyozi kinachodondosha maji nyuma ya kiti cha mwenyekiti. Walinikalisha kwenye kiti cha wataalamu, nikafungua rasimu ya pili, nikaanza kusoma. Wajumbe wawili walikuwa wameleta kitabu changu cha zamani, wamekiwekea vikaratasi. Niliwaona wakifungua na kufunga, wakinitafuta humo wasinione.

Ukurasa wa nne nilikwama. Nilisoma ile sentensi ya ofisa mwenye ujuzi nikafika katikati, sauti ikagoma. Nikanywa maji, nikaanza tena, ikagoma pale pale. Mwenyekiti akaniuliza kama ninaumwa. Ndipo nikaifunika karatasi nikasema, "Mheshimiwa, mdogo wangu yuko gerezani. Humu mote sikuandika sera, nimeandika kwamba namtaka arudi."

Mjumbe mmoja alicheka, nadhani kwa kutojua afanye nini. Mwenyekiti ni mtu wa adabu. Alisema mtaalamu mwenye ndugu katika jambo hawezi kuendelea kukaa kiti kile, na kwamba maoni yangu yote, ya sasa na yale niliyokwisha kuwapelekea, yataondolewa. Nilibeba mkoba wangu nikaenda kukaa nyuma, kwenye mabenchi ya wananchi. Hapo palikuwa na akina mama wengi. Mmoja alinisogezea nafasi bila kunitazama.

Mswada umeahirishwa mpaka mwakani, na kama utarudi hakuna ajuaye. Hivyo mwezi wa kumi haupo tena, mdogo wangu. Kwa kuufungua mdomo wangu sikumsaidia yeyote, wala wewe, wala waliokuwa wakiupinga kwa maneno yangu. Magazeti yameandika yaliyoandikwa. Huku chuoni kuna wanaonipisha kwenye korido kama niliyebeba ndoo ya maji moto. Sijui tena nasimama wapi kuhusu sheria hii wala nyingine. Ninayemkosa tu ndiye ninayemjua.

Jana, siku kumi na mbili baada ya kikao, barua yako ya Juni imefika, ina mihuri miwili na alama ya kufunguliwa upya. Walikaa nayo kwa sababu ilitaja mswada. Nilipouona ule mstari ukurasa mzima, niliketi sakafuni ofisini na sikujali nani yuko maegesho ananiona.

Nilitaka nikufungulie, na mikono yangu haikujua namna. Nisamehe.

Dada yako


Gerezani, 27 Agosti

Dada,

Shikamoo. Nimeupata ujumbe, na habari tulikwisha kuzisikia redioni kabla. Mwambie Mama nimepokea vizuri, sikulia, ingawa nililia.

Jongoo aliacha kunyoa siku mbili, kisha akaanza tena. Anasema ndevu zinamwasha. Aliniuliza kama dada yangu ndiye yule wa redioni, nikasema ndiye. Asubuhi nilikuta amenipangia blanketi langu.

Huna la kusamehewa. Wewe ulikwama na mimi nilikwama, na hatukuwa tumeambiana. Nikilikumbuka hilo napata nguvu ya kushika randa.

Lakini nina neno ambalo sijawahi kuliandika, na leo naliandika afisa wa barua asome mpaka achoke. Tangu niingie humu hujaja. Mama amekuja na mguu wake. Nimekutetea kwa wenzangu kwamba kazi ni nyingi, nimekutetea mpaka kwangu mwenyewe. Nadhani unaogopa kuniona ndani ya hizi nguo. Mimi pia naogopa unione. Tuogope wote wawili, ila tuwe mahali pamoja.

Miaka iliyobaki nitaimaliza, haina njia nyingine. Njoo unione, dada. Hili ni ombi.

Kitasa


Getini, 15 Septemba

Kitasa,

Barua hii haipiti posta. Ninaiandikia gotini kwenye benchi la wageni, na askari wa zamu amekubali kuichukua nikimaliza. Sema tu usicheke mwandiko.

Basi liliharibika njiani, tukakaa jua zima tukimtazama dereva akitazama injini. Nimefika saa za wageni zimekwisha. Niliwaambia mimi ni dada yako. Nikawaambia ninatoka mbali. Nilikuwa karibu kuwaambia mimi ni nani chuoni, nikanyamaza. Askari, kijana mpole tu, akasema saa ni saa kwa kila mtu. Nilijua anachosema, nikachukua mkoba wangu. Nitatafuta chumba mjini karibu na soko, kesho watakuta nimetangulia hapa kabla ya wenye funguo.

Mama amenipa sabuni, soksi, na maneno mengi ambayo ameniapisha niyaseme kwa mdomo. Mimi nilikuwa nimejiandalia yangu njiani kote, na sasa naona hakuna hata moja nililobaki nalo. Ulisema kweli kuhusu nguo. Nimeogopa sare kuliko nilivyowahi kuogopa mtu.

Nilikuwa nimeshainuka niende zangu wakaanza kuwahesabu huko ndani. Ukuta ni mrefu, sioni kitu, lakini nasikia vizuri. Wanaita namba, mtu anaitikia, wanaita nyingine. Sauti zote zinafanana, za watu waliochoka. Namba yako nimeiandika juu ya bahasha mara nyingi mno, kwa hiyo ilipokaribia niliijua, nikashika ukuta.

Wakaiita, ukaitika.